Je, Binti Yule Alikuwa Mtu?

Majuma machache yaliyopita nilialikwa kuzungumza na vijana wa shule moja ya sekondari juu ya dini na sayansi. Maswali yalikuwa yale ambayo kila padre huyatazamia: siku sita za uumbaji, mke wa Kaini alitoka wapi, na habari za nyani. Ndipo akasimama kijana mmoja wa safu ya nyuma, daftari la Biolojia mkononi, akasema: “Padre, tumesoma habari za binti aliyekufa huko Siberia yapata miaka 90,000 iliyopita. Mama yake alikuwa Mneandertali, na baba yake Mdenisova. Hata mmoja wa wazazi wake hakuwa wa aina yetu. Je, binti yule alikuwa mtu? Alikuwa na roho?” Wenzake walicheka. Mimi sikucheka, kwa maana sikuwa na jibu. Nilimwomba anipe muda, naye akakubali kwa adabu, ingawa niliona usoni pake kwamba amekwisha kuwazoea watu wazima waombao muda.

Basi haya ndiyo niliyoyafikiri tangu siku ile. Nayaandika hapa kwa sababu swali lake si la darasani tu. Aulizaye ni nani aliye mtu, auliza pia ni nani asiye mtu. Na swali hilo la pili limekwisha kutuumiza sisi watu wa bara hili, tena zaidi ya mara moja.

Yafaa kwanza msomaji amjue binti mwenyewe. Katika milima ya Altai, kusini mwa Siberia, liko pango liitwalo Denisova. Husemwa kwamba lilipata jina hilo kwa mkaa-pweke mmoja, Denis, aliyeishi humo katika karne ya 18 akisali. Wataalamu wa Kirusi wamechimba ndani ya pango hilo kwa miaka mingi, wakatoa mifupa kwa maelfu, mingi yao ikiwa imevunjika-vunjika vipande vidogo hata jicho haliwezi kutambua kama ni vya mnyama au vya mtu. Ikabidi vipande zaidi ya 2,000 vipimwe protini zake kimoja kimoja, kazi ya kuchosha kama kuchambua mchele wa karamu, na katika hivyo vyote kikapatikana kimoja tu kilicho cha jamii ya binadamu. Urefu wake hautimii sentimita 3. Kipande hicho kilichunguzwa huko Leipzig, Ujerumani, na mwaka 2018 matokeo yakatangazwa: kilikuwa cha msichana aliyekufa akiwa na miaka 13 au zaidi, nusu ya urithi wake ni wa Waneandertali, nusu ni wa Wadenisova. Wachunguzi walipoona hesabu hiyo mara ya kwanza walidhani wamekosea, wakarudia kazi tena na tena. Hawakuwa wamekosea. Wakampa jina la utani, Denny.

Mfupa husemaje baada ya miaka 90,000? Mwili wa kila kiumbe umejengwa kwa chembe zisizohesabika, na ndani ya chembe mna uzi mrefu ambamo urithi wake umeandikwa. Huo ndio waitao DNA. Mtoto hupokea nusu kwa baba na nusu kwa mama. Kiumbe afapo, uzi huo huanza kukatika. Vijidudu vya udongoni huingia na kuacha nyuzi zao, na mchimbaji akiushika mfupa kwa mkono mtupu huacha na zake. Kinachobaki ni mfano wa kitabu kilichochanwa vipande vya maneno machache machache, kisha kikachanganywa na karatasi za vitabu vingine elfu. Joto huuharibu uzi huo upesi kuliko baridi. Ndiyo sababu mapango ya Siberia yametoa habari nyingi, na udongo wa Afrika, uliomlea mwanadamu tangu mwanzo, umetoa chache.

Aliyefungua njia hii ni Svante Pääbo, Mswidi aliyezaliwa mwaka 1955. Alianza kwa kificho, angali mwanafunzi, maana wakubwa wake walikuwa wamempa kazi nyingine. Akitaka kujua kama urithi waweza kudumu katika maiti iliyokaushwa, kama zile za Misri, alinunua ini la ndama dukani akalitia katika jiko la maabara likauke. Harufu ilikaribia kumsaliti. Mwaka 1997 yeye na wenzake walifaulu kusoma sehemu ndogo ya urithi wa Mneandertali wa kwanza kabisa kutambuliwa, yule aliyepatikana Ujerumani mwaka 1856. Mwaka 2010 wakatoa habari za urithi wake mzima, walioupata katika mifupa ya pango la Vindija, Kroatia. Na mwaka 2022 akapewa tuzo ya Nobel.

Nao urithi huo ulifunua nini? Kwamba Waneandertali na wazee wetu waliachana njia zaidi ya miaka 500,000 iliyopita, wale wakikaa Ulaya na Asia, hawa wakikaa Afrika. Kwamba walipokutana tena baadaye walizaliana. Na kwamba ingawa Waneandertali walitoweka yapata miaka 40,000 iliyopita, kila mtu wa Ulaya na Asia aliye hai leo ana asilimia moja hivi au mbili za urithi wao. Mwaka huo huo wa 2010 kipande cha mfupa wa kidole cha msichana mwingine, kutoka pango lile lile la Denisova, kilionyesha urithi wa jamii ya tatu, isiyokuwa yetu wala ya Waneandertali. Ndio Wadenisova. Jamii hiyo ilijulikana kwa damu yake kabla haijajulikana kwa sura yake. Wazao wao wako leo, hasa katika visiwa vya Papua. Na watu wa Tibet, waishio katika milima mirefu ambako pumzi ni haba, huishi huko kwa msaada wa jeni waliyoirithi kwa jamaa hao. Si kila urithi ni baraka. Katika maradhi ya korona mwaka 2020 iligunduliwa kwamba kipande kimoja cha urithi wa Kineandertali huzidisha hatari kwa mgonjwa, na mwaka uliofuata kikagunduliwa kingine kinachoipunguza.

Habari moja katika hizi ilinigusa kuliko zote. Katika pango la Chagyrskaya, katika milima ile ile ya Altai, wataalamu walisoma urithi wa Waneandertali kadhaa walioishi zaidi ya miaka 50,000 iliyopita, wakatangaza mwaka 2022 kwamba miongoni mwao walikuwamo baba na binti yake. Tena waliona kwamba urithi upitao kwa akina baba ulifanana sana kati yao, lakini ule upitao kwa akina mama ulitofautiana. Maana yake ni nini? Ni kwamba wanaume walikaa kwao, na wanawake wengi walitoka kwingine. Binti alipokua aliondoka kwa wazazi wake akaenda kwa watu wa mumewe. Bibi zetu wangaliielewa habari hii bila maabara yoyote.

Sasa tutazame namna watu wenye elimu walivyowapokea jamaa hawa, kwa kuwa hapo pana funzo juu yetu sisi wenyewe. Bonde la Neander, karibu na Düsseldorf, liliitwa kwa jina la Joachim Neander, mchungaji wa Kiprotestanti wa karne ya 17 aliyetunga nyimbo za kumsifu Mungu. Jina la ukoo wake lilikuwa Neumann, yaani mtu mpya, na babu yake ndiye aliyeligeuza kwa Kigiriki. Basi mwaka 1856 wachimba mawe katika bonde hilo la Mtu Mpya walitupa nje mifupa ya mtu wa kale mno. Mwalimu wa shule, Johann Carl Fuhlrott, aliitambua kuwa si ya kawaida. Lakini mabingwa walibishana. Mmoja alisema ni askari wa Kikosaki mwenye matege, aliyepotea vitani mwaka 1814. Virchow, tabibu mkuu wa Ujerumani, alisema ni mtu wa siku hizi aliyeharibiwa na maradhi. Mwaka 1864 William King, profesa huko Ireland, akampa jina la aina ya peke yake, akaongeza kwamba kwa kutazama fuvu lile yeye aona mawazo yaliyokaa humo hayakupita mawazo ya mnyama. Alikuwa ameona fuvu moja, tena si zima.

Mwaka 1908, huko La Chapelle-aux-Saints, Ufaransa, mapadre watatu, ndugu wawili Bouyssonie na mwenzao Bardon, walifukua mifupa ya mzee wa Kineandertali aliyelazwa katika shimo. Kwa desturi ya elimu ya siku zile waliipeleka Paris kwa Profesa Marcellin Boule. Naye akamchora mzee huyo akiwa ameinama, magoti yamekunjwa, shingo imesukumwa mbele, nusu mtu nusu nyani. Na picha hiyo ikaingia katika vitabu vya shule vya dunia nzima. Ilipofika mwaka 1957 wataalamu wawili walichunguza upya wakaona kwamba uti wa mgongo wa mzee yule ulikuwa umeharibiwa na baridi yabisi. Alikuwa mgonjwa, wala hakuwa nyani. Walisema kwamba angaliogeshwa, akanyolewa na kuvikwa mavazi ya siku hizi, angaliweza kupanda treni ya mjini New York asitazamwe na mtu zaidi ya abiria wengine. Sijui kama sifa hiyo ni ya mzee au ni ya abiria wa New York.

Basi mwaka 2010 mambo yakageuka, na hapa nakiri kwamba kicheko chatupata sisi pia. Kwa miaka 150 Mneandertali alikuwa jina la tusi. Alipojulikana kuwa babu wa Wazungu, makala zikazidi kumsifu: alikuwa na akili, alijipamba, alizika wafu wake. Sisemi kwamba sifa hizo si za kweli, maana ushahidi wa wachimbaji umeongezeka. Nasema kwamba zilipokewa kwa furaha mpya. Na upande wetu, nimemsikia kwa masikio yangu mtu msomi akijigamba kwamba kwa kuwa Mwafrika hana damu hiyo, basi Mwafrika peke yake ndiye mtu halisi. Majigambo hayo yalipata umri wa miaka 10. Mwaka 2020 wataalamu wa Chuo Kikuu cha Princeton walionyesha kwamba Waafrika nao wanao urithi wa Waneandertali, kadiri ya asilimia 0.3, ulioletwa na watu waliokwenda nje kisha wazao wao wakarudi barani. Na wengine mwaka huo huo wakaona katika watu wa Afrika ya Magharibi dalili za jamii nyingine ya kale, ambayo mfupa wake haujatambuliwa. Aliyekuwa akitafuta damu safisafi amekosa pa kuitafuta.

Hata hivyo, kusema kwamba tumechanganyika si kumjibu kijana wetu. Yeye hakuuliza kama Denny ni jamaa yetu. Aliuliza kama alikuwa mtu.

Wataalamu wa viumbe wana kipimo chao: wawili wakizaliana, na wazao wao wakazaa, basi ni wa aina moja. Kwa kipimo hicho Waneandertali wamo. Lakini kipimo chenyewe hakina nguvu hivyo. Huko Amboseli, Kenya, aina mbili za nyani zimezaliana kwa vizazi vingi, na bado wataalamu wanazihesabu mbili. Tena hata kama kipimo kingekuwa sahihi, kingetuambia tu kwamba miili yao ilipatana. DNA yaonyesha kwamba walizaliana. Haionyeshi kama walioana. Haisemi kama mama yake Denny alichukuliwa kwa nguvu au alikwenda kwa hiari, kama kulikuwa na posa, kama alililiwa alipokufa. Hayo hayaandikwi katika uzi wa chembe.

Wanafalsafa wa kale walisema kwamba mtu ni mnyama mwenye akili. Boethius, katika karne ya 6, alisema kwamba nafsi ni kiumbe kimoja kizima chenye tabia ya akili. Maelezo hayo yametumika Kanisani tangu hapo, na msomaji aangalie ni mambo gani hayamo: hakuna neno juu ya paji la uso, wala kimo, wala kidevu, wala ukoo. Mtu hujulikana kwa kile awezacho kwa asili yake kuelekea, yaani kujua kweli na kupenda jema, hata kama kwa utoto au ugonjwa hajakifikia bado. Kanisa nalo limefundisha vivyo hivyo. Papa Pius XII, katika waraka wake Humani Generis wa mwaka 1950, aliruhusu wenye elimu wachunguze kama mwili wa mtu watokana na viumbe vilivyotangulia, lakini akashika kwamba roho ya kila mtu yaumbwa na Mungu mwenyewe. Yohane Paulo II mwaka 1996 aliwaambia wanasayansi wa Chuo cha Kipapa kwamba mageuko ya viumbe sasa ni zaidi ya kubahatisha. Hata hivyo roho haichipuki katika mwili kama jani katika tawi.

Kutokana na hayo jambo moja lafuata, ambalo nadhani ndilo kiini cha swali zima. Ikiwa roho haitoki kwa baba wala kwa mama, basi hairithiwi kwa asilimia. Hakuna nusu ya roho. Mtu wa Ulaya mwenye asilimia mbili za Kineandertali si mtu kwa asilimia 98. Huko Romania, katika pango liitwalo Peştera cu Oase, lilipatikana taya la mtu wa aina yetu aliyeishi yapata miaka 40,000 iliyopita. Mwaka 2015 ikaonekana kwamba alikuwa na Mneandertali miongoni mwa wazee wake wa vizazi vinne hadi sita tu kabla yake. Sasa nauliza: ikiwa mzee yule hakuwa mtu, mwanawe alikuwa nini? Na mjukuu? Katika kizazi kipi utu uliingia nyumbani? Mwenye kusema kwamba Mneandertali hakuwa mtu hana budi kunionyesha mlango huo, nami siuoni. Utu ama upo wote au haupo kabisa.

Pana ugumu, wala sitauficha. Waraka ule wa Pius XII ulisema pia kwamba haionekani jinsi rai ya kuwa watu wa kwanza walikuwa wengi, si wawili, iwezavyo kupatana na mafundisho juu ya dhambi ya asili. Nayo hesabu za urithi zaelekea kuonyesha kwamba wazee wetu hawakupungua kamwe kuwa watu wachache sana; daima walikuwa maelfu. Wanateolojia wamelishughulikia jambo hilo kwa miaka mingi: wengine wakitofautisha wazazi wa mwili na wazazi wa kwanza wa roho, wengine wakisisitiza kwamba Papa alisema “haionekani jinsi”, hakusema “haitaonekana kamwe”. Mimi si wa kulikata shauri hilo katika ukurasa wa gazeti. Lakini ugumu wa kujua utu ulianza lini si sababu ya kumnyima utu aliyekwisha kuwa nao. Hatujui dakika ile usiku uishapo na mchana uanzapo, na hakuna hata mmoja wetu anayetembea saa sita za mchana akiwa na taa.

Atasema mtu: kwa hoja hiyo utamwingiza na sokwe. La. Mpaka upo mahali fulani, nami siamini kwamba haupo. Nasema tu kwamba mahali ambapo dalili zatosha kututia shaka, shaka yatubana. Wenye kufundisha maadili seminarini hutoa mfano wa mwindaji. Aona kichaka kinatikisika wakati wa magharibi. Huenda ni swala, huenda ni mwanamke anaokota kuni. Je, aweza kupiga risasi kwa kuwa hana hakika kwamba ni mtu? Hawezi. Ni lazima kwanza awe na hakika kwamba si mtu. Denny hatapigwa risasi na yeyote leo, hilo ni kweli. Lakini zoea la mwindaji lajengwa kabla ya jioni ile ya kichaka.

Nasi tunajua kichaka kile kutoka upande wa pili. Mwaka 1537 Papa Paulo III alilazimika kutangaza katika hati Sublimis Deus kwamba Wahindi wa Amerika ni watu kweli kweli, wasinyang'anywe uhuru wala mali. Papa hatangazi jambo ambalo hakuna anayelikana. Mwaka 1906 kijana wa Kongo, Ota Benga, aliwekwa katika nyumba ya nyani ya bustani ya wanyama ya Bronx, New York, pamoja na orangutani, watu wakaja kwa maelfu kumtazama. Wachungaji weusi wa mji ule ndio waliopaza sauti mpaka akatolewa. Alijiua mwaka 1916. Waliomweka pale hawakuwa wajinga wa mitaani. Walikuwa wasomi, wakidhani wanafundisha watu elimu ya mageuko.

Na karibu zaidi na kwetu: wakati wa utawala wa Wajerumani mafuvu ya watu wa Afrika ya Mashariki yalichukuliwa kwa mamia, mengine makaburini, yakapelekwa Berlin yapimwe kwa rula ili ijulikane kabila lipi li juu na lipi li chini. Yalikaa katika masanduku zaidi ya miaka mia. Mwaka 2023 makumbusho ya huko yalitangaza matokeo ya uchunguzi wa mafuvu zaidi ya 1,100, mengi mno ya Rwanda, mengine ya Tanzania na Kenya. Machache katika hayo yalilinganishwa kwa DNA na watu walio hai wa Kilimanjaro, na ndugu wakapatikana. Elimu ile ile ya urithi, iliyo mrithi wa rula zile, safari hii haikusema fuvu hili ni la daraja gani. Ilisema huyu ni mzee wa nyumba fulani. Watu wa nyumba hiyo hawakuuliza kipimo cha paji lake. Waliuliza atarudi lini azikwe.

Kwa hiyo nionapo msomi yeyote, mweusi au mweupe, akichukua fuvu la zamani na kutangaza kwamba mwenyewe hakuwa mtu, naanza kwanza kuitazama rula yake.

Turudi basi kwa jamaa zetu wa mapangoni, tutazame dalili zilizopo. Mzee yule wa La Chapelle-aux-Saints alikuwa amepoteza meno mengi muda mrefu kabla hajafa, na mgongo wake ulikuwa umekwisha. Hakuwa mwindaji tena. Katika pango la Shanidar, Iraki, mwaka 1957 ulipatikana mfupa wa mwanamume aliyepigwa usoni katika ujana wake, pengine jicho moja lilikufa. Mkono wa kuume ulikuwa umenyauka, mguu wake ulichechemea, na masikio yake yalikuwa yameziba kwa mifupa iliyoota ndani. Aliishi na ulemavu huo miaka mingi, akazeeka kwa kadiri ya siku zile. Katika nchi ya baridi na simba, mtu kama huyo hamalizi mwaka peke yake. Alikuwako mtu aliyempa nyama, na aliyemngoja njiani.

Nitaambiwa kwamba katika mapango mengine mifupa ya Waneandertali ina alama za visu, yaani kwamba walilana. Ni kweli, ushahidi huo upo. Lakini ningekuwa mwangalifu kuutumia kuwaondoa katika ubinadamu, kwa sababu kama ukatili ungemtoa mtu katika hesabu ya watu, karne ya 20 ingebaki na watu wachache sana. Simba hula wana wa simba mwenzake na hakuna amwitaye mwovu. Tukisema “walitenda vibaya”, tumekwisha kuwaita watu.

Wala sisemi kwamba huruma ndiyo ifanyayo utu, maana mtoto mchanga hana huruma na ni mtu. Huruma ni moshi. Moto wenyewe hatuuoni. Ila moshi huu naujua.

Naye Denny? Alizaliwa na mama wa kabila moja na baba wa kabila lingine, katika nchi ambayo majira ya baridi huua. Alifika miaka 13. Mtoto wa binadamu hafiki miaka 13 bila kubebwa, kulishwa na kufunikwa usiku, na kwa miaka mingi. Mtu wa Oase naye asingalizaliwa kama mtoto yule wa kwanza wa mchanganyiko, vizazi vichache kabla yake, angalitupwa kichakani. Wazee wetu waliletewa swali la kijana wangu likiwa hai, linalia, limefungwa katika ngozi. Hawakuwa na Boethius wala maabara, na walilinyonyesha.

Juma lililopita nilirudi shuleni. Nilimwambia kijana kwamba naamini binti yule alikuwa mtu, na kwa hiyo alikuwa na roho yote nzima kama yake. Kwamba Kanisa halijatamka juu yake wala juu ya jamii yake, na kwamba akipata hoja ya kunipinga aje nayo. Alifikiri kidogo, kisha akauliza kama inawezekana kumwombea. Nikamwambia kwamba Misa ya tarehe 2 Novemba ni ya marehemu wote, na kwamba katika sala zake Kanisa huwakumbuka pia wafu ambao imani yao haijulikani na yeyote ila Mungu. Akafungua daftari lake la Biolojia, akaiandika tarehe.